Muziki Usiokobolewa

Rafiki yangu wa Ihumwa amebandika trei za mayai kwenye kuta zote za chumba chake cha muziki, na mpaka leo kuna watu wanaomgongea mlango wakiulizia mayai ya kienyeji. Mwanzoni alikuwa anawaeleza. Anatoka nje, anawapa somo zima kuhusu mwangwi, jinsi sauti inavyogonga ukuta mtupu na kurudi kuvuruga sauti zinazokuja nyuma yake, na jinsi vishimo vya trei vinavyoitawanya. Watu wanamsikiliza kwa adabu mpaka mwisho, halafu wanauliza, "Kwa hiyo mayai yanaingia lini?" Siku hizi anajibu tu kwamba yamekwisha.

Huyu ndiye aliyeniharibu. Kabla yake nilikuwa mtu wa kawaida: mtumishi wa ofisi moja ya serikali hapa Dodoma, nimepanga nyumba ndogo Makole, mtoto wa Kondoa wa familia inayoswali, ninayefunga mtandio wangu vizuri na kumwamkia kila aliyenizidi umri. Nilikuwa na siri moja tu, nayo ni kwamba nasikiliza hevi metali. Nazungumzia ile yenyewe, ya magitaa yanayonguruma, ngoma zinazopigwa kama mpigaji anafukuzwa na nyuki, na mwimbaji anayetoa sauti ya ng'ombe aliyekwama kwenye tope. Niliianza chuoni, kupitia flashi ya mwenzangu wa chumba. Mara ya kwanza nilidhani faili imeharibika. Mara ya pili nilijua haijaharibika, nikaendelea kwa ubishi tu. Baada ya hapo sikuwa tena na pa kurudi.

Ofisini hakuna aliyejua. Ukikaa mbele ya kompyuta, waya umepotelea chini ya mtandio, macho umeyafumba kidogo na midomo inachezacheza, watu wanakufikiria mema. Siku moja mkuu wangu wa kitengo alipita mezani kwangu, akasimama, akawaambia wenzangu kwa sauti ya chini, "Mwacheni kwanza, yuko kwenye mawaidha." Wakati huo masikioni mwangu kulikuwa na mtu anayeeleza, kwa kukoroma, jinsi makaburi yatakavyofunguka na wafu watakavyotoka. Kwa hiyo hakukosea sana.

Rafiki yangu wa Ihumwa alikuja ofisini kwetu kufunga vipaza sauti vya mkutano. Ni Mgogo, mtoto wa mwinjilisti, na kazi yake ni mitambo ya sauti: makanisani, harusini, kwenye semina. Wakati anavuta nyaya zake karibu na meza yangu, simu yangu iliwaka, na kwenye kioo kukawa na jalada la albamu lenye mafuvu na mbuzi mwenye macho mekundu. Akaliona. Nikaligeuza. Mkutano mzima nilikaa nikiwaza atamwambia nani. Ulipokwisha, akanifuata kwenye korido, akatazama nyuma na mbele, akaniinamia.

"Dada," akasema, "hizo faili zako ni mbovu."

"Faili?"

"Nimeona ukubwa wake. Zimebanwa mno. Unajidhulumu."

Akanieleza pale pale, tumesimama karibu na mtungi wa maji ya kunywa. Muziki mwingi tunaorushiana kwenye simu umebanwa ili uwe mwepesi, na katika kuubana, kompyuta inatupa vipande ambavyo inadhani sikio halitagundua kwamba havipo. Lakini kuna faili ambazo hazitupi kitu. Ni nzito, zinakula bando na nafasi ya simu, ila kila kilichorekodiwa kimo. Mimi ni mtoto wa mwenye mashine ya kusaga. Somo hilo sikuhitaji kurudiwa. Nimekua nikiona mahindi yakikobolewa, ganda na kiini vinakwenda kwa kuku, watu wanabaki na unga mweupe mzuri wa kutazama.

"Kwa hiyo nimekuwa nakula sembe," nikasema.

Akafurahi mpaka akanipa mkono. "Dona, dada. Hamia dona."

Nikahamia. Kwa muda fulani nilikuwa mtu asiyevumilika. Nilinunua hedifoni kubwa zinazofunika sikio zima, nikanunua na kidude cha kukaa kati ya simu na waya, ambacho kazi yake nilieleza kwa watu wengi bila mimi mwenyewe kuielewa. Hedifoni zisizo na waya nilizitazama kwa huruma. Ukitaja wimbo wowote, mimi naulizia faili. Binamu yangu alipofiwa na paka wake akanitumia wimbo wa huzuni ili tulie pamoja, nilimjibu kwamba huo wimbo umebanwa vibaya. Hakunisemesha kwa muda mrefu, na nadhani alikuwa na haki.

Nilikuwa naamini kabisa kwamba nasikia tofauti. Nilisema nasikia matoazi yakipumua. Nilisema nasikia vidole vikihama kwenye nyuzi za gitaa la besi. Rafiki yangu wa Ihumwa naye alisema hivyo hivyo, tukawa tunapeana moyo, mpaka Jumamosi moja akaleta wazo la kipumbavu kwamba tujipime. Akaandaa wimbo mmoja kwa namna mbili, ulio mzima na uliobanwa. Akanifunga kitambaa usoni, jambo ambalo halikuwa na maana yoyote kwa kuwa tulikuwa tunapima masikio. Nikasikiliza. Nikatikisa kichwa kwa uzoefu. Nikachagua.

"Huu wa pili. Unapumua."

Nikavua kitambaa. Alikuwa anatazama trei za mayai.

"Umechagua sembe," akasema.

Nikamfunga yeye kitambaa. Naye akachagua sembe. Tukarudia, safari hii kwa wimbo wa polepole, tukabahatisha kama watu wanaorusha shilingi hewani. Tulikunywa soda zetu, halafu akasema tatizo ni upepo, kwamba upepo wa Ihumwa unatikisa bati. Nikakubali haraka. Hatukujipima tena, na wala hatukuacha kusikiliza faili nzito. Mpaka hapo ilikuwa ni imani, na sisi sote tumelelewa vizuri kwenye mambo ya imani.

Ndipo mama akapiga simu kutoka Kondoa.

"Mchukue baba yako," akasema, hata salamu hatujamaliza.

"Amefanya nini?"

"Ananijibu majibu ya watu wengine. Namuuliza kama ameshiba, ananiambia tusubiri mvua za mwezi ujao. Jana amekuja jirani kumpa taarifa ya msiba, baba yako akasema hongera sana, wa kike au wa kiume? Mpeleke hospitali kubwa huko, wamtazame masikio."

Baba yangu aliendesha mashine ya kusaga maisha yake yote. Ilikuwa ya dizeli, kwenye banda la bati lililoegemea nyumba yetu, na ikiwaka hata vikombe vilitembea mezani. Wateja walizungumza naye kwa ishara. Sisi watoto tulisoma, tukala, tukagombana, na mchana tukalala usingizi ndani ya ule mngurumo. Kaka yangu aliporithi kazi akang'oa injini ya dizeli na kuweka mota ya umeme, safi, haina moshi, haina makelele. Baba alimsifu mbele za watu. Mama alisema kwamba wiki ile baba alikwenda bandani mara kwa mara, anasimama, anaitazama mota kama anayesubiri mgeni ashuke kwenye basi, kisha anarudi ndani.

Basi akaja Dodoma na begi lake dogo, mswala wake, na mfuko wa karanga. Nilimpokea stendi.

"Shikamoo baba."

"Njema tu, mwanangu. Na wewe?"

Hospitalini alipimwa na daktari wa kike, kijana, mchangamfu. Wakamweka kwenye kichumba, wakamvalisha hedifoni, wakampa kitufe cha kubonyeza kila anaposikia mlio. Baba alibonyeza sana. Daktari alitazama mashine yake, akamtazama baba kupitia kioo cha kichumba, akaingia kumuuliza, kwa kalamu na karatasi, kama kweli anasikia. Baba akasoma, akasema kwa sauti kubwa, "Hapana, lakini nimekuona unanitazama, nikaona nisikuvunje moyo."

Majibu yalikuwa kama tulivyodhani. Mashine ya kusaga ilikuwa imekula sauti nyembamba zote: ndege, kengele, sauti ya mama, herufi za mwisho wa maneno. Sauti nene zilikuwa bado zipo kiasi. Alihitaji vifaa vya usikivu, vile vya kuvaa sikioni, na ilibidi viagizwe vije vya kipimo chake. Kwa hiyo ingebidi abaki kwangu mpaka vifike.

Tukaanza kuishi. Televisheni yangu ikawa inasikika mpaka barabarani. Baba alikuwa akiitazama taarifa ya habari kwa makini, halafu ananisimulia kilichosemwa, na masimulizi yake yalikuwa bora kuliko habari zenyewe. Nikipika mlenda, anasifu nyama. Tulikuwa tukikaa mezani, mimi napiga kelele, yeye anatabasamu, na nilianza kuona kitu ambacho Kondoa sikukiona: tabasamu lile lilikuwa kazi. Akiingia mgeni, baba anatabasamu kabla hajajua kama ni jambo la kucheka au la kulia. Mgeni akiondoka, uso unashuka, anakaa kitini amechoka kama mtu aliyebeba magunia.

Jumamosi moja alasiri nilikuwa sebuleni, miguu juu ya stuli, hedifoni kichwani, albamu mpya imefika kutoka Ihumwa siku hiyo hiyo. Nilikuwa nimefumba macho. Nilipoyafumbua, baba alikuwa amesimama mbele yangu, ametoka kuswali, ananitazama midomo.

"Unasoma nini?" akauliza, kwa ile sauti yake ya kumwita mtu ng'ambo ya barabara.

Nikavua hedifoni. "Sisomi, baba. Nasikiliza muziki."

"Msikiti gani?"

"Muziki!"

"Nimesikia ni msikiti. Nauliza, gani?"

Nikakata tamaa. Nikamkalisha kwenye kochi, nikamvua kofia kwa adabu, nikamvalisha hedifoni. Nia yangu ilikuwa nibadilishe kwanza, niweke kaswida, jambo la heshima, lakini albamu ilikuwa bado inacheza, na kabla kidole changu hakijafika kwenye simu alinishika mkono.

"Usiguse," akasema.

Akakaa wima. Akaweka viganja juu ya hedifoni, akazikandamiza. Nikasubiri laana. Mdomo wake ukafunguka kidogo, kisha akaufumba. Akanitazama kama ananihoji.

"Umewasha mashine?"

Sikuelewa.

"Ya dizeli," akasema. "Ile yetu. Sasa hivi ndio inapokea mzigo." Akasikiliza. "Haya, imepokea." Na mguu wake wa kulia ukaanza kugonga sakafu.

Nilikaa kwenye mkono wa kochi. Miaka yote ile nilikuwa nimejiona mwasi. Nilikuwa nimejipa sifa ya mtu aliyekataa malezi yake na kujichagulia kelele za mbali, za watu wenye nywele ndefu na nchi zenye theluji. Na kumbe nilikuwa tu mtoto anayetaka kulala mchana nyuma ya banda la baba yake. Niliona aibu kidogo. Hakuna kinachoudhi kama kutafuta ubaya kwa bidii halafu ukakuta ni mapenzi kwa mzazi.

Baada ya muda baba akainua hedifoni upande mmoja.

"Huyu anasema nini?"

Alikuwa anamzungumzia mwimbaji. Nikakusanya pumzi yote. "Sijui, baba!"

"Hujui?"

"Hasikiki maneno! Anakoroma tu!"

"Wewe una masikio mazima."

"Hata wenye masikio mazima hawamsikii!"

Akafikiri. "Watu wote?"

"Watu wote, baba!"

Basi akaanza kucheka. Hakutabasamu lile tabasamu la wageni. Alicheka mpaka akashika mbavu, mpaka chozi likamtoka, akanipiga kofi la gotini. "Kwa hiyo hapa tuko sawa," akasema. "Hapa tuko sawa wote!" Akairudisha hedifoni sikioni na kusikiliza albamu ile mpaka mwisho, na ilipokwisha akasema, "Rudia."

Kuanzia siku hiyo sikupata tena hedifoni zangu. Nikirudi kazini namkuta amekaa barazani, kanzu nyeupe, kofia pembeni, waya unateremka mpaka kwenye simu yangu ya zamani, kichwa kinakwenda taratibu. Majirani wa Makole walimheshimu sana. Mama mmoja wa nyumba ya pili alikuja kuniambia, "Mzee wako ni mcha Mungu, kila nikipita yuko kwenye Kurani." Nikashukuru. Ningefanyaje?

Nilimwambia rafiki yangu wa Ihumwa. Hakuamini, akadai nimlete. Tukaenda Jumapili baada ya ibada yake. Akatupokea mlangoni amevaa suti ya kanisani, ameogopa, kwa sababu ni jambo moja kumfundisha mtu uharibifu, na ni jingine kukutana na baba yake.

"Shikamoo mzee."

Baba akatazama ndani, akaziona kuta. "Kuku wako wapi?"

Rafiki yangu akamweka kwenye kiti chake mwenyewe, kile cha katikati ambacho hata mimi siruhusiwi kukikalia mpaka amalize kusikiliza yeye. Akaanza kumweleza habari za faili zisizobanwa. Alieleza vizuri, kwa mikono, kwa mifano. Baba alimtazama machoni na kutikisa kichwa kila mahali panapostahili, na mwisho akasema, "Mungu akuongoze, baba, usikate tamaa na shule." Kisha muziki ukawashwa.

Kwenye spika kubwa ni habari nyingine. Sauti haikusubiri ruhusa ya masikio, iliingia kifuani moja kwa moja. Baba alinyanyuka, akavuta kiti mpaka kwenye spika, akaweka kiganja juu yake kama anavyomshika ng'ombe mgonjwa. Alikaa hivyo, ametulia. Sikuwa nimemwona ametulia hivyo tangu nilipompokea stendi.

Katikati ya wimbo wa pili treni ikasikika. Rafiki yangu ana sheria: treni ikipita, muziki unazimwa, kwa sababu mtikisiko wa reli unachafua sauti. Akazima. Baba akageuka.

"Mbona umezima?"

"Treni inapita, mzee!"

"Nini?"

"Treni!"

"Si ipite. Tumeizuia?"

Rafiki yangu akanitazama. Nikainua mabega. Akawasha, na kwa mara ya kwanza katika nyumba ile hevi metali na treni ya mizigo vikapita pamoja, bati linalia, trei mbili zikadondoka ukutani, na mzee wa Kondoa katikati anagonga mguu. Kusema kweli, nilipenda kuliko albamu yoyote niliyowahi kuisikiliza kwa adabu.

Vifaa vikafika. Nilipompeleka hospitali niliona ni vizuri nimweleze daktari kuhusu hedifoni, nisije nikawa namwua mtu. Daktari akauliza muziki wa aina gani. Nikamwambia. Akanitazama mimi, akamtazama baba na kanzu yake, akanitazama tena.

"Mzee," akamwandikia, kwa herufi kubwa, "mashine imeshakula nusu. Huyo mwimbaji usimpe nusu iliyobaki." Kisha akachukua simu, akaweka kikomo cha sauti, akanionya nisiguse.

Akamvalisha vifaa. Akaviwasha. Baba akashtuka, akashika kiti.

"Nani anakwangua?"

Ilikuwa sauti ya kalamu ya daktari.

Njia nzima ya kurudi alisikia. Akasikia ndala zangu. "Kumbe unaburuza miguu," akasema, "mimi nimelea mtoto anayeburuza miguu?" Akasikia jokofu, akaniambia linaumwa. Akasikia ugomvi wa mume na mke nyumba ya jirani, akasogeza kiti mpaka ukutani, na nilipomwambia si vizuri akasema, "Nyamaza, anakaribia kukubali kosa." Akapiga simu kwa mama. Akasikia jina lake likitajwa upande wa pili, neno zima, mpaka herufi ya mwisho. Akaniashiria nitoke nje. Nikatoka.

Jioni, jua bado lipo, akasema, "Sasa niwekee ile ya mashine."

Hedifoni hazikukubaliana na vifaa vyake, vilipiga miluzi. Nikaweka kwenye spika ndogo ya sebuleni. Magitaa yakaanza. Matoazi yakaanza. Mwimbaji akapanda juu, akatoa ule ukelele wake mrefu. Baba akakunja uso taratibu, kama mtu anayetafuna kitu na kugundua kuna mchanga.

"Huyu mtu anaumwa?"

"Ndivyo anavyoimba, baba."

"Na hizo sufuria zinazogongwa?"

"Ni matoazi."

Akasikiliza kidogo tena, kwa uungwana. "Ndiyo hii niliyokuwa nasikiliza siku zote?"

"Ndiyo hii."

"Hii hii?"

"Hii hii, na hakuna kilichopunguzwa."

Akanitazama kama niliyemlisha kitu bila kumwambia ni nini. "Mwanangu," akasema kwa upole, "hizi ni kelele." Akaniomba nizime. Nikazima. Tukakaa, jokofu linaumwa kule jikoni. Nilisikitika kuliko nilivyotegemea. Katika maisha yangu yote nilikuwa nimepata mtu mmoja tu wa damu yangu wa kusikiliza naye, na sayansi ilikuwa imemponya.

Nikaenda kuosha vyombo. Niliporudi, vile vifaa vilikuwa vimelala ndani ya kikasha chao, vimefunikwa. Baba alikuwa kwenye kochi, hedifoni kichwani, kikomo cha daktari palepale, macho ameyafumba, mguu unagonga. Nikamshika bega. Akafumbua jicho moja.

"Bila vile vidude ni nzuri sana," akaniambia, kwa sauti ya ng'ambo ya barabara. "Vinaleta mambo mengi."

Sijawahi kumweleza hayo rafiki yangu wa Ihumwa. Mtu aliyebandika trei zote zile hastahili kuambiwa kwamba msikilizaji bora aliyewahi kuketi kwenye kile kiti anaupenda muziki ukiwa umepungukiwa nusu.

Baba alirudi Kondoa na hedifoni zangu. Sikumpa, alizifunga ndani ya mswala. Idi iliyofuata nikaenda nyumbani na kukuta mama ameshapanga utaratibu: tangu asubuhi mpaka swala ya alasiri baba anavaa vifaa na kujibu anachoulizwa, baada ya hapo anaachiwa muziki wake mpaka magharibi. Siku ya pili ya Idi nikakaa nao uani saa ya muziki. Baba kiti chake, mama mkeka wake, anachambua mchele. Nikamshawishi mama naye asikilize, japo kidogo. Akafuta mikono, akaweka hedifoni sikio moja tu, kama anayesikiliza kama mtoto amelala. Hakukaa nazo sana.

"Hii nimeishi nayo miaka yote ile nikiwa na masikio yangu mazima," akasema, akamrudishia mwenyewe. "Mimi nimeshamaliza zamu."

Akarudi kwenye mchele wake. Halafu, huku baba ameketi hatua moja kutoka kwetu, akitikisa kichwa kwa ngoma zake, mama akaanza kunieleza kwa sauti ya kawaida kabisa, bila kuficha, kila kitu ambacho mzee yule amemfanyia tangu amwoe: shamba aliloliuza bila kumshirikisha, mjomba aliyemkaribisha wiki moja akakaa mpaka alipooa, safari ya Babati aliyomwahidi. Alikuwa anataja moja baada ya jingine, anapuliza pumba, anaendelea. Baba akamwona midomo inacheza. Akatabasamu.

"Unasemaje, mama watoto?"

"Nasema Idi njema!" mama akampigia kelele.

"Na wewe pia," akasema, akafumba macho.

Mama akachota mchele mwingine ungoni. "Nilikuwa nimefika wapi?"

"Babati," nikamwambia.